Utumishi wa Muda: Je, Uhesabiwe Katika Uandamizi?

Miongoni mwa maswali yanayozuka mara kwa mara katika vyumba vya walimu na katika ofisi za serikali, lipo moja ambalo kwa kawaida huachiwa karani wa utumishi alijibu kwa kufungua jalada na kusoma tarehe. Swali lenyewe ni hili: mtu aliyefanya kazi ya serikali kwa muda, kabla hajapewa barua ya ajira ya kudumu, je, miaka yake hiyo ihesabiwe wakati watumishi wanapopangwa nani amtangulie nani? Sisi twaona kwamba swali hili ni zito kuliko jalada lililolibeba. Linahusu thamani ya siku za mtu, linahusu haki baina ya wenzi wa kazi moja, na linahusu uaminifu wa dola kwa wale wanaoitumikia. Kwa hiyo tumeona yafaa kulijadili katika jarida letu, ambalo wasomaji wake wengi wamewahi kuwa walimu wa muda, au wangali hivyo hadi leo.

Ili mjadala usielee hewani, tuchukue mfano. Tuseme wapo walimu wawili wa Kiswahili katika shule moja ya serikali. Wa kwanza alihitimu stashahada ya ualimu, akapokewa shuleni hapo kwa barua ya muda, na barua hiyo ikawa inafanywa upya kila mwaka kwa miaka sita. Alifundisha vipindi vile vile walivyofundisha wengine, akasahihisha madaftari, akasimamia mitihani, akashika zamu yake kila ilipofika. Wa pili alihitimu baadaye. Katika mwaka wa tano tume ya ajira ilitangaza nafasi, huyu akaomba, akasailiwa, akaajiriwa moja kwa moja. Yule wa kwanza aliambiwa hana haja ya kuomba, kwa kuwa jina lake lilikwisha kupelekwa makao makuu ili athibitishwe. Mwenzake alipowasili, ni yeye aliyempokea na kumwonyesha namna azimio la kazi la shule ile linavyoandikwa.

Mwaka wa saba ulipoanza, barua ya kudumu ya yule wa kwanza ikafika. Mwaka wa nane ikatokea nafasi ya mkuu wa idara ya lugha. Karani akafungua majalada, akasema: wa pili ana miaka mitatu ya utumishi, wa kwanza ana mmoja, wa pili ndiye mkubwa. Sasa, wa kwanza akituuliza miaka yake sita imekwenda wapi, tutamjibu nini? Na tukisema ihesabiwe yote, wa pili naye akatuuliza amekosa nini hata arudishwe nyuma ya mtu ambaye alithibitishwa baada yake, huyo naye tutamjibu nini? Haki ya mmoja inaonekana kuwa ndiyo hasara ya mwenzake, na hapo ndipo ugumu wa jambo ulipo.

Sisi ni walimu wa lugha, na si vibaya tukaanza na maneno. Neno uandamizi limetokana na kitenzi kuandama, maana yake kufuata. Twasema mwezi umeandama pale mwezi mpya unapofuata ule uliokwisha. Mwandamizi kwa asili ni yule anayefuatana na mwingine, yaani mfuasi. Na leo neno hilo hilo hutumika kwa mtumishi aliye juu ya wenziwe kwa cheo na kwa miaka. Huenda mtu akastaajabu mfuasi kugeuka kuwa mkubwa, lakini ndani ya mgeuko huo mna hoja njema. Mkubwa wa kazi ni yule aliyeifuata kazi siku baada ya siku bila kuiacha. Kwa maana hiyo ya asili, mwalimu wetu wa kwanza ni mwandamizi bila ya shaka yoyote.

Tulitazame na neno kaimu. Limetujia kutoka Kiarabu, katika shina lenye maana ya kusimama. Kaimu husimama mahali pa mwingine. Kwa hiyo kila tunapomwona mtumishi wa muda, yatupasa tuulize: huyu alisimama mahali pa nani? Kama alishika darasa la mwalimu aliyekwenda kujifungua, au aliyekwenda masomoni, basi mahali pale palikuwa na mwenyewe, naye kaimu alijua hivyo tangu siku ya kwanza. Lakini kama mahali palikuwa patupu, hapana mtu aliyetarajiwa kurudi, basi hakusimama mahali pa mtu. Alisimama mahali pake mwenyewe, ila tu karatasi ya kumwambia hivyo ilichelewa. Hizi ni hali mbili mbalimbali, ingawa jalada huziita kwa jina moja.

Liko na neno la tatu, kibarua. Kibarua ni barua ndogo. Jina la kikaratasi alichopewa mfanyakazi wa kutwa likawa jina la kazi yenyewe, na mwisho likawa jina la mtu. Katika Tanganyika ya wakoloni, hasa katika mashamba ya mkonge, palikuwa na kipande, kadi ya siku 30 za kazi, na kila siku iliyotimizwa ilitiwa alama. Utaratibu ule ulikuwa na dhuluma nyingi, wala hatuutamani urudi. Lakini hata wenye mashamba wale walikubali jambo moja: siku iliyofanyiwa kazi huandikwa. Mwalimu wa muda ambaye miaka yake sita haimo popote katika hesabu ya dola amepungukiwa, kwa jambo hilo moja, hata na mwenye kipande.

Wazee wetu nao walikwisha kutoa fatwa yao: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Kwa kawaida tunaifundisha methali hii kama onyo kwa mgeni asiyetaka kuondoka. Lakini ina upande wa pili, ambao ni onyo kwa mwenyeji. Ukishampa mgeni jembe akalima pamoja nawe, huwezi tena kumwita mgeni wakati wa mavuno. Jembe limembadilisha hali. Mwenye nyumba anayetaka mikono ya mgeni shambani na bado akataka jina la ugeni libaki pale pale, anataka faida mbili kwa gharama ya moja.

Basi twende penye sheria. Taratibu za utumishi wa serikali katika Uganda, Kenya na Tanzania, pamoja na mambo yake ya kukaimu, ya muda wa majaribio na ya kuthibitishwa kazini, zina chimbuko katika utawala wa Kiingereza. India ilizirithi taratibu kutoka chimbuko hilo hilo, na kwa kuwa watumishi wake ni wengi na mashtaka yao ni mengi, mahakama za huko zimelipima swali letu kwa miaka mingi. Hatusemi kwamba hukumu za India zinatufunga, la hasha. Twasema tu kwamba aliyetangulia kupita njia ana la kumwambia anayekuja nyuma.

Mwaka 1977 Mahakama ya Juu ya India ilitoa hukumu katika shauri la wahandisi wa serikali katika jimbo la Maharashtra. Wahandisi hao walikuwa makundi mawili: walioajiriwa moja kwa moja, na waliopandishwa kutoka vyeo vya chini. Wote walifanya kazi moja. Lakini uandamizi wa wale waliopandishwa ulihesabiwa tangu siku ya kuthibitishwa, hata kama walikwisha kukishika cheo hicho kwa miaka. Jaji Y. V. Chandrachud alionyesha kwamba kuthibitishwa kazini ni jambo lisilotabirika, lisilotegemea ustadi wa mtumishi wala kuwapo kwa nafasi, na kwamba kulifanya kuwa kipimo cha ukubwa ni kuuvunja usawa ambao katiba imewaahidi wananchi wote.

Mwaka 1990 jopo la majaji watano, katika shauri lililotokana na ugomvi wa wahandisi wa jimbo hilo hilo, liliyakusanya mafunzo ya miaka iliyopita likaweka kanuni ambazo hutajwa hadi leo. Kwa ufupi, kanuni tatu zinatuhusu. Ya kwanza, mtu aliyeteuliwa kwa kufuata taratibu ahesabiwe tangu siku ya kuteuliwa, si siku ya kuthibitishwa. Ya pili, mtu aliyewekwa nje ya taratibu, kwa kuziba pengo tu, muda wake huo usihesabiwe. Ya tatu, mtu ambaye uteuzi wake ulikosa utaratibu fulani, lakini akaendelea kazini bila kukatika mpaka ajira yake ikahalalishwa kwa mujibu wa kanuni, basi muda wake wa mwanzo uhesabiwe. Msomaji ataona kwamba kanuni ya pili na ya tatu zinakaribia kugongana, na kwa kweli mahakama za huko zilibidi kurudi mara nyingi kuzipatanisha. Lakini katika mgongano huo twaiona picha ya mwalimu wetu wa kwanza: je, aliziba pengo, au aliandama kazi?

Mwaka 2006 likaja jopo jingine la majaji watano, safari hii kwa shauri kutoka jimbo la Karnataka, nalo likausema upande wa pili kwa sauti kuu. Lilisema kwamba kazi ya serikali ni mali ya raia wote, na kwamba mtu aliyeingizwa bila tangazo na bila ushindani hawezi kudai nafasi ya kudumu kwa sababu tu amekaa sana. Hata hivyo jopo lile liliacha mlango mdogo: wale waliokwisha kufanya kazi miaka 10 au zaidi katika nafasi zilizoidhinishwa, bila kulindwa na amri ya mahakama, wafikiriwe mara moja tu. Na mnamo Desemba 2024 mahakama hiyo hiyo, katika shauri la wafanyakazi wa usafi na bustani waliotumika kwa miaka mingi, ilionya kwamba hukumu ya 2006 isigeuzwe kuwa fimbo ya kuwapigia watu ambao serikali yenyewe imewatumia muda wote huo.

Hoja ile ya 2006 haipaswi kupuuzwa, kwa maana inamleta mbele yetu mtu wa tatu ambaye hakuwamo katika mfano wetu. Huyu ni mwalimu aliyehitimu mwaka ule ule na yule wa kwanza, akakaa nyumbani akingoja tangazo, kwa sababu hakuwa na mjomba wa kumnong'oneza kwamba katika shule fulani pana nafasi ya muda. Tukisema kila siku ya muda ihesabiwe bila kuuliza mtu aliingiaje, tutakuwa tumempa tuzo mwenye mjomba na kumtoza faini asiye naye. Wanaoililia haki ya watumishi wa muda mara nyingi humsahau mtu huyu, kwa kuwa hayumo chumbani na hana jalada. Lakini haki haiwahusu wenye majalada peke yao.

Sasa tuseme maoni yetu. Sisi twaona kwamba kosa kubwa katika mjadala huu ni kuhesabu mambo mawili kwa kipimo kimoja. Lipo deni la dola kwa mtumishi, na lipo gawio baina ya watumishi wenyewe kwa wenyewe. Nyongeza ya mshahara, siku za likizo na pensheni ni deni. Mmoja wetu akihesabiwa miaka yake sita katika pensheni, jirani yake hapunguziwi hata senti. Anayelipa ni hazina, na hazina ndiyo iliyofaidi jasho lake. Dawa ya deni ni kulipa. Kwa hiyo katika jambo hili twasema bila kusita: kila siku aliyofanya kazi mtu mwenye sifa za kazi hiyo, ihesabiwe, liwe jina la barua yake ni lipi.

Uandamizi ni jambo la namna nyingine. Huu ni gawio. Katika safu ya watu hawasimami wawili mahali pamoja; ninyi mkisogezwa mbele, sisi twarudi nyuma. Kwa sababu hiyo masharti yake lazima yawe makali zaidi, maana anayelipa si hazina bali ni mwenzetu. Tungependekeza mambo manne yaulizwe. Kwanza, je, mtu huyu alikuwa na sifa kamili tangu siku ya kwanza, au alizipata baadaye? Pili, je, aliingia kwa mlango uliokuwa wazi kwa wengine, hata kama ulikuwa mlango wa shule na si wa tume? Tatu, je, mahali aliposimama palikuwa patupu, au palikuwa na mwenyewe? Nne, je, aliandama kazi bila kukatika? Mwenye kuyajibu yote manne vizuri amekuwa mtumishi wa kudumu katika kila kitu isipokuwa jina, na jina peke yake halitoshi kumnyima mtu miaka yake.

Katika swali la nne ni lazima tuwe macho. Uko mtindo wa kumwachisha mtu kazi kwa wiki mbili au tatu kila mwaka, kisha kumrudisha, ili isemwe kwamba utumishi wake ulikatika. Mkatiko wa namna hiyo ni hila ya mwajiri, wala haustahili kumdhuru mwajiriwa. Mtu hawezi kuukata uzi kwa mkono wake, halafu akamlaumu mwenzake kwamba uzi ni mfupi.

Wako watakaosema: mtu huyu aliisoma barua yake, akaona imeandikwa ‘muda’, akatia sahihi, analalamikia nini? Hoja hii ina uzito mwaka wa kwanza. Mwaka wa pili uzito wake umepungua. Mwaka wa sita hauna uzito wowote, kwa sababu barua haimfungi aliyetia sahihi peke yake. Inamfunga pia aliyeiandika. Kusema ‘muda’ ni kuahidi kwamba haja itakwisha. Haja isipokwisha miaka sita, aliyevunja maana ya neno ni yule aliyeliandika. Ndiyo maana sheria ya Kenya ya mwaka 2017 kuhusu Tume ya Utumishi wa Umma iliwekea kukaimu mpaka: si chini ya siku 30, wala si zaidi ya miezi sita. Sheria ya namna hiyo inalirudishia neno maana yake.

Kenya hiyo hiyo imetupa funzo la karibu zaidi, linalowahusu walimu wenyewe. Tangu 2019 Tume ya Huduma za Walimu ilianza kuwachukua walimu waliokwisha kuhitimu na kusajiliwa, ikawaita wanagenzi. Mwaka 2023, madarasa ya sekondari msingi yalipofunguliwa, maelfu yao walipelekwa kufundisha, na posho ya mwezi ilikuwa shilingi 20,000. Aprili 2024 Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi iliamua kwamba tume haikuwa na mamlaka ya kuwaajiri walimu waliohitimu kwa jina hilo. Mwezi uliofuata walimu wengi waligoma. Hatimaye, kuanzia Januari 2025, walimu wapatao 46,000 walipewa ajira ya kudumu yenye pensheni. Tukiwapima kwa maswali yetu manne, hawa walikuwa na sifa, waliomba kwa tangazo la wazi, nafasi zilikuwa tupu, na kazi waliiandama. Mwanagenzi ni mtu anayejifunza kazi kwa fundi. Aliyeachiwa darasa zima peke yake, akaandaa masomo, akapima na kutoa alama, alikuwa akijifunza kwa nani?

Sisi tunaofundisha Kiswahili nchini Uganda hatuwezi kulitazama jambo hili kwa mbali. Lugha hii ilitajwa katika katiba kuwa lugha rasmi ya pili kwa marekebisho ya 2005. Mtalaa wa sekondari ya chini wa 2020 ukaifanya somo la lazima katika madarasa ya mwanzo. Na Julai 2022 baraza la mawaziri likaamua kuipa nguvu mpya shuleni. Somo likipanuka upesi kuliko bajeti, shule humtafuta mwalimu leo na kuiomba nafasi yake baadaye. Yule anayeitikia wito huo, akaanza kufundisha kabla nafasi haijaidhinishwa, ndiye anayelisimamisha somo. Akija kuambiwa kwamba uandamizi wake unaanza siku karatasi ilipofika, tutakuwa tumewafundisha vijana kwamba afadhali kungoja nyumbani kuliko kuanza kazi.

Tuwarudie walimu wetu wawili. Kwa maoni yetu, wa kwanza apewe miaka yake sita katika nyongeza na pensheni bila mjadala. Katika uandamizi, akiyapita maswali manne, naye apewe, na wa pili asione kwamba amedhulumiwa, mradi kanuni iwe imetangazwa kabla, si kuzushwa siku nafasi ilipotokea. Mtu akiingia katika safu akijua nani yuko mbele yake na kwa sababu gani, hana lalamiko. Lakini hata hapo tusisahau kwamba kutangulia si kufika. Miaka inampa mtu haki ya kutazamwa kwanza. Haimpi uwezo wa kuongoza idara. Iwapo wa pili ni hodari zaidi, ashinde kwa uhodari wake, asishinde kwa kuchelewa kwa barua ya mwenziwe.

Ndugu walimu, kanuni hutungwa mbali nasi, lakini ushahidi wake huandikwa na sisi. Mwalimu wa muda aweke kila barua yake, hata ile iliyochakaa. Mwalimu mkuu anapoandika ripoti, ataje kwa ukweli tarehe mtu alipoanza kushika chaki, na ataje aliingia kwa njia gani. Nasi tulio wakubwa kazini, tunapoketi katika kamati za kupanga nani amtangulie nani, tumkumbuke yule aliyefanya kazi bila jina, na tumkumbuke pia yule aliyengoja nyumbani kwa uaminifu kwa sababu mlango haukufunguliwa kwake.